Kengele Isiyojua Kusema Hapana

Kijitabu kile nilikiandika mimi.

Nimelitanguliza hilo mbele ya salamu kwa sababu najijua. Mimi huogopa kusema mbele za watu, na kama ningeanza kwa salamu, ningesalimu, nikainama, nikashuka, na jambo lenyewe ningerudi nalo nyumbani kama nilivyorudi nalo kila wiki tangu majira ya baridi yaliyopita. Sijamwambia shangazi yangu. Sijamwambia mchapaji aliyekichapa. Hata kwenye sala nimekuwa nikilizunguka. Nyinyi ndio wa kwanza kulisikia, na sasa niwasalimu kama inavyopasa.

Mheshimiwa Diwani Humphrey Stanyard, Mwenyekiti wa Wafadhili wa Shule ya Sadaka ya Wasichana ya Parokia ya Mtakatifu Wendreda. Mchungaji Dakta Amyas, uliyetuhubiria asubuhi juu ya unyenyekevu mpaka mishumaa ikaisha. Waheshimiwa mabwana wafadhili pamoja na wake zenu. Mwalimu wetu, Bi. Orpah Chettle, wageni waalikwa mliotoka parokia jirani kuja kujifunza kwetu, na nyinyi wadogo zangu mlioketi kwenye mabenchi ya nyuma na kengele shingoni: nawasalimu nyote kwa heshima.

Bwana Isham, karani wetu, naona unapekua mifuko kuitafuta hotuba uliyoniandikia. Ninayo mimi. Ni hotuba nzuri, bwana, na nimeihifadhi yote kichwani. Nakuomba ukae.

Jina langu ni Thomasin Rudge. Nimemaliza shule mwezi huu, na Jumatatu naingia kazini katika jiko la bibi mmoja wa Holborn. Desturi yetu mnaijua: siku ya Karamu ya Wafadhili, msichana mmoja aliyemaliza husimama juu ya kigoda hiki na kuwashukuru kwa gauni la bluu, kwa kofia nyeupe, kwa Biblia, na kwa nyama ya ng'ombe ambayo tumeila leo na tutaila tena mwakani siku kama ya leo. Mwaka huu nimechaguliwa mimi. Bi. Chettle alinieleza sababu. Alisema, "Thomasin, wewe huna sauti ya kumkera mtu."

Nimepewa na kazi ya pili. Hapa mezani, chini ya kitambaa hiki, kuna kengele ya fedha. Natakiwa kumkabidhi Mheshimiwa Diwani kwa niaba ya wasichana wote, kama zawadi ya kutunga kile kijitabu kinachoitwa *Faida za Ukimya kwa Mabinti wa Maskini*. Kisha italetwa keki, na baada ya keki wageni wetu watapiga kura kama na wao wawavishe kengele wasichana wa shule zao. Nimeombwa nisiseme sana.

Basi nitasema ninachotaka sasa hivi, ili kila mtu ajue ninaelekea wapi. Nataka kengele hizi zivuliwe, leo, kabla ya keki na kabla ya kura. Mengine yote ni njia ya kufika hapo.

Waheshimiwa, nani kati yenu anakumbuka kengele zilianzia wapi? Sisi wa mabenchi ya nyuma tunakumbuka. Majira ya baridi yaliyopita wake wa wafadhili walilalamika kwamba wajakazi waliotoka shuleni kwetu wanatoa maneno ya nyumbani. Mmoja alikuwa amemweleza muuza samaki jinsi bwana wake anavyomwita mke wake wanapokuwa wawili. Mheshimiwa Diwani akaja hapa na koti lake la manyoya, akatupanga mstari.

"Tunawalisha," alisema, "tunawavisha, halafu mnatulipa kwa midomo!"

Mdogo wangu Lettice, ambaye wakati ule hakuwa na swali ambalo aliwahi kulimeza, akanyoosha mkono. "Mheshimiwa, na tukiulizwa je? Tusijibu?"

Wasichana wakacheka. Bi. Chettle naye alicheka kidogo, nilimwona. Mheshimiwa hakucheka. Alimtazama Lettice kutoka kwenye kofia mpaka kwenye viatu, akasema, "Laiti ningeweza kuwapa kengele badala ya ndimi."

Basi, Mheshimiwa, sikudhulumu. Neno la kengele lilikuwa lako. Mimi nililibeba tu mpaka mwisho wake.

Lazima niwaambie nilijifunzia wapi kuandika, maana hapa shuleni nimejifunza kunakili Katekisimu, na Katekisimu haina mzaha. Shangazi yangu Barbary ni mchuuzi wa vijitabu. Husimama pembeni mwa mtaa wa Fleet na kikapu, na vile visivyouzwa hurudi nyumbani kufungia jibini na kuwashia moto. Mimi na Lettice tumelelewa na makaratasi hayo. Nilijifunza humo kwamba mtu akitaka kumwonyesha mkubwa ubaya wake, haupingi. Anausifu. Anausifu kwa utulivu na adabu, anaukuza kila ukurasa, mpaka msomaji mwenyewe anashtuka na kusema, haiwezekani, huyu anatucheka. Na akishacheka, anaona aibu. Na akishaona aibu, anaacha. Niliamini hivyo. Nilikuwa nasoma mambo haya huku nimekaa kwenye ndoo ya makaa, hapakuwa na mtu wa kuniambia vingine.

Kwa hiyo nilisifu. Niliandika kwamba kila binti wa maskini afungwe kengele shingoni angali mdogo, na ulimi autumie kwa Zaburi peke yake. Mlio mmoja uwe Ndiyo. Milio miwili iwe Nashukuru Sana. Na kwa Hapana kusiwe na mlio wowote, kwa kuwa mwandishi ameizunguka London yote na hakuona mahali ambapo binti wa maskini amewahi kulihitaji neno hilo. Niliandika kwamba ng'ombe wa malisho ya Islington wamevaa kengele miaka yote na hakuna hata mmoja aliyewahi kumweleza muuza samaki siri za mwenye shamba. Niliandika kwamba mdomo usiosema hupungua, na mdomo uliopungua hula mkate kidogo, hivyo sadaka ya wafadhili itadumu zaidi. Ng'ombe wa Islington! Niliona nimepiga kelele. Niliona hata kiziwi atanisikia.

Nilimpa shangazi akipeleke kwa mchapaji, nikasema kimetoka kwa bwana mmoja wa mashambani, rafiki wa maskini.

"Bwana gani?" akauliza shangazi.

"Bwana mmoja tu, shangazi."

"Ana mwandiko mzuri. Mabwana huandika kama kuku amepita na miguu ya matope."

"Labda ana karani."

"Labda. Na karani wake naye ana wino kwenye kidole hichohicho?"

Niliuficha mkono chini ya aproni. Shangazi alinitazama, kisha akatazama dirishani, akaanza kuongea habari za mvua. Katika biashara yao mtu haulizi mara mbili, kwa sababu askari wa serikali wakija, wa kwanza kuchukuliwa ni yule anayejua.

Sasa nifike mahali ambapo mambo yaliharibika. Nimelifikiria sana, na naona yaliharibika kwa sababu ya jino la mtu.

Mabwana mnajua kwamba kule mkahawani vijitabu havisomwi kimya. Mmoja husoma kwa sauti, wengine wananywa kahawa na kusikiliza, na vile anavyosoma yeye ndivyo kitabu kinavyokuwa. Katika mkahawa wenu, msomaji wa siku zote ni yule mshona nywele za bandia, mtu wa vichekesho, ambaye akiona mzaha hukonyeza hata kabla ya kufika. Kijitabu changu kingepita mikononi mwake, watu wangecheka, na leo tungekuwa tunakula keki bila kelele za shaba. Lakini siku hiyo alikuwa ameng'olewa jino, shavu limevimba kama mkate. Akasoma bwana wa majeneza.

Shangazi alikuwa mlangoni na kikapu chake, na yeye ndiye aliyenisimulia. Yule bwana alisimama, akavua kofia, akasoma kama anasoma wosia. Wale ng'ombe wa Islington aliwasoma polepole, kwa majonzi. Pale kwenye Hapana alifuta jicho. Nani atacheka mbele ya mtu wa majeneza? Na Mheshimiwa Diwani alikuwa karibu na moto, anaitikia kwa kichwa.

Mnajua pia kwamba sisi tunaoandika mambo haya hatutaji jina la mkubwa. Tunaweka herufi ya kwanza na ya mwisho, katikati tunapiga mstari, ili tusishtakiwe. Niliandika hivyo jina la Mheshimiwa nikidhani nimemchoma. Lakini mtu mkubwa akiuona ule mstari katikati ya jina lake, anaona amekuwa mkubwa zaidi.

"Stanyard!" akasema mmoja. "Si wewe huyu?"

"Huenda," akasema Mheshimiwa.

"Na habari za kengele, mbona nilishakusikia ukizisema?"

"Huenda."

"Kumbe na kitabu ni chako! Umetuficha, mzee!"

Mheshimiwa alikunywa kahawa yake mpaka chini. "Watu wa heshima," akasema, "hawaweki majina kwenye kazi zao."

Wakampigia meza makofi.

Shangazi alirudi nyumbani anacheka mpaka anashika ukuta. "Wamekiamini, mwanangu! Wamekimeza chote, na ng'ombe na kengele zao!" Nami nilicheka. Lettice alicheka zaidi yetu sote, akavaa kijiko shingoni kwa uzi, akazunguka meza akilia kama ndama. Nakikumbuka kicheko kile kwa sababu baada yake sijamsikia tena akicheka.

Wiki hazikupita nyingi, kikaletwa hapa kisanduku. Bi. Chettle akakifungua kwa nyundo. Ndani kulikuwa na kengele, zimefungwa katika majani makavu, kila moja na ukanda wake wa ngozi, na juu yake kijitabu changu, kimefungwa kwa utepe, kiwe kanuni ya shule.

Nilisimama pale nikasoma maneno yangu mwenyewe yakiwa sheria. Niseme nini? Ningesema, huo ulikuwa mzaha? Ningemwambia nani, na kwa mlio upi?

Mheshimiwa Diwani anasema mtoto huyu ana homa, ashushwe. Nimekusikia, Mheshimiwa. Sina homa. Nitakujibu kwa jambo moja dogo, kisha utaniambia kama niendelee.

Katika kijitabu kile kuna ukurasa unaosifu supu yetu ya Alhamisi. Imeandikwa humo kwamba supu ile ina ladha ya mafuta ya mishumaa, kwa kuwa hupikwa katika sufuria ileile inayoyeyushiwa mafuta hayo, na kwamba ladha hiyo ni neema, maana hulainisha koo ili ukanda wa kengele usikwangue. Mabwana wafadhili, nawauliza kwa heshima: nani kati yenu amewahi kula katika ukumbi huu siku ya Alhamisi? Anyooshe mkono. Mheshimiwa, wewe umewahi? Siku ya Karamu tunapikiwa nyama, na sufuria hukodishwa. Sasa aliyeandika habari za supu ile aliinywea wapi?

Bi. Chettle, wewe unaijua sufuria. Ni kweli au si kweli?

Ameinamisha kichwa. Hana kengele, lakini nimemsikia.

Basi naendelea.

Waheshimiwa, mmekuwa mkija hapa mwaka mzima na wageni wenu, mkisimama mlangoni na kusema, sikilizeni ukimya huu. Alikuja bibi mmoja mwenye upepeo mkononi, mkarimu, akamwinamia msichana mdogo. "Mpenzi wangu, unafurahi hapa?" Mlio mmoja. "Chakula kinakutosha?" Mlio mmoja. "Unamkumbuka mama yako?" Mlio mmoja. "Ungependa kurudi kwake?" Mlio mmoja. Yule bibi alijiinua, akamgeukia Mheshimiwa. "Jinsi anavyokubali kila kitu!" alisema. Hakusikia alichojibiwa. Mmetengeneza shule ambayo unaweza kumuuliza mtoto lolote na ukatoka umeridhika. Je, si hilo mlilolitaka? Na mimi ndiye niliyewaandikia namna ya kulipata. Sijitoi.

Nije sasa kwa mdogo wangu. Yuko pale, benchi la mwisho, upande wa dirisha. Ana miaka tisa. Lettice, usiogope, sitakuita mbele.

Ilipotea jibini kwenye kabati la Bi. Chettle. Lettice ndiye aliyekuwa amefagia chumba kile.

"Umechukua jibini langu?" akaulizwa.

Lettice akashika ukanda, hakuutikisa.

"Nakuuliza wewe! Umechukua, hukuchukua? Piga kengele!"

Nilikuwepo, nimeshika ndoo. Niliuona uso wake ukitafuta. Alikuwa na majibu mawili tu mkononi, Ndiyo na Nashukuru, na ukweli haukuwa kwenye lolote kati ya hayo. Mtoto alifikiri. Nadhani alichagua lile aliloliona liko mbali zaidi na Ndiyo. Akapiga milio miwili.

"Anashukuru!" akasema Bi. Chettle. "Ameiba na anashukuru! Nyoosha mikono."

Alichapwa. Na kanuni inasema, ukurasa wa mwisho kabisa, kwamba anayeadhibiwa ashukuru. Niliiandika mimi nikiwa nacheka kwenye ndoo ya makaa. Lettice alishindwa kushika ukanda kwa vidole vilivyovimba, akaitikisa kengele kwa kidevu. Milio miwili.

Kesho yake jibini lilionekana nyuma ya mtungi, mahali Bi. Chettle mwenyewe alipoliweka. Alimwita Lettice, akampa kipande, nadhani aliumia moyo kidogo. "Sasa wewe mtoto nawe," alimwambia, "si ungesema?"

Tangu siku ile Lettice hasemi. Jumamosi jioni akija nyumbani tunamvua kengele mlangoni, shangazi huitundika kwenye msumari mbali naye. Shangazi humuuliza, "Nikupakulie kunde, mama?" na mkono wa Lettice hupanda shingoni, hupapasa, haukuti kitu, hushuka. Mtoto huyu alikuwa akiongea na paka. Alikuwa akiligombeza bomba la maji uani likichelewa kutoa maji, "Haya, bibi, tusikeshe hapa." Alikuwa akiongea usingizini na mimi nikimpiga kiwiko anyamaze. Nilimpiga kiwiko! Sasa nalala karibu naye kila Jumamosi nikisubiri aseme neno lolote, hata la kipuuzi, na nasikia pumzi tu.

Jumatatu naondoka kwenda Holborn, na yeye atabaki hapa. Ndiyo maana nimesema leo. Kama si hivyo, naona aibu kuwaambia, pengine ningenyamaza na mimi, kwa kuwa kunyamaza nimefundishwa vizuri.

Nasikia kule nyuma ya meza kuu mtu akisema neno la kushtaki. Najua mnachoweza kunifanya. Shangazi yangu amesimama mara nyingi kwenye umati akiona waandishi na wachapaji wakibanwa shingo na mikono kwenye mbao za aibu, na watu wakiwarushia mayai mabovu. Mimi ni mwembamba, sijui kama nitayavumilia. Lakini kuna jambo shangazi alinieleza, na nawaomba mlifikirie kama watu wanaojua sheria. Kabla mtu hajabanwa, karani wa mahakama hulisoma kosa lake kwa sauti kubwa, ili umati ujue unamrushia mayai kwa ajili ya nini.

Sasa karani atasoma nini? Atasoma kwamba Thomasin Rudge, msichana wa sadaka, aliandika kwa dhihaka kwamba maskini wavishwe kengele kama ng'ombe. Na kwamba mabwana wa Mtakatifu Wendreda, baada ya kukisikiliza kijitabu chake kwa makini, wakaenda wakazinunua. Mayai yatarushwa, sikatai. Ila sijui yatarushwa upande gani.

Na yule mshona nywele, shavu lake limeshapona.

Sitaki kuwatisha. Au labda hivi ndivyo watu wanavyotishwa, sijawahi kufanya, mnisamehe kama nimefanya vibaya. Sehemu ya pili ya kijitabu sijaiandika. Sitaki kuiandika. Nilipata nilichokitaka mara moja, nilitaka kuwachekesha watu juu yenu, na aliyelipa ni mtoto aliyevaa kijiko shingoni na kulia kama ndama.

Kwa hiyo, wageni wetu kutoka parokia jirani, nawasihi msipige kura hiyo. Rudini mkaseme kengele zinapata kutu, mkaseme zinawatisha farasi, semeni lolote la kuwalindia heshima. Bi. Chettle, wewe nakuomba kitu kidogo kuliko wote: siku mtoto atakaposema, usimuulize alikuwa wapi siku zote.

Na wewe Mheshimiwa Diwani, nakuachia jina. Kitabu ni chako. Jiji zima linasema ni chako, na mimi sitabisha, wala sitamnong'oneza mtu kule Holborn nikiosha vyombo. Utaendelea kupigiwa meza makofi. Mimi nataka shingo za hawa tu.

Sasa nitamuuliza mdogo wangu swali moja mbele yenu. Nilisema sitakuita, Lettice, na sikuiti. Kaa hapohapo. Unaitaka kengele hiyo?

Mnaona. Ametazama kengele. Hamna jibu lake mle ndani.

Ngojeni. Msimharakishe.

Ameifungua. Ameiweka benchini, taratibu isilie. Na wa pembeni yake. Na yule. Hakuna aliyeitikisa.

Hajasema kitu. Nilitumaini atasema, nilidhani nikifika hapa atasema, niliota hivyo, sitawaficha. Basi. Nimeona mkono wake umeshuka na haukurudi shingoni. Nitaondoka na hilo.

Bwana Isham, keki inaweza kuletwa.

Imebaki kazi yangu ya pili, na siwezi kushuka bila kuitimiza. Mheshimiwa Diwani Stanyard, pokea kengele hii ya fedha. Ni nzito kuliko zetu na mlio wake ni mzuri, niliijaribu asubuhi kwenye korido wakati hakuna mtu. Shika, Mheshimiwa, watu wanatazama.

Waheshimiwa wote, mmenivumilia kuliko nilivyostahili, na kwa gauni, kofia na Biblia nawashukuru kwa kweli, maana bila nyinyi nisingejua kusoma, wala nisingejua kuandika kitu cha kuwaambia leo. Yaliyosemwa ukumbini humu nawaomba yabaki humu. Mimi nimeyakalia mwaka mzima peke yangu. Nyinyi ni wengi, mtasaidiana. Msimwambie shangazi yangu. Msimwambie bwana wa majeneza, ataona haya, naye alisoma kwa moyo safi. Na akitokea mtu mkahawani akamuuliza Mheshimiwa kama kweli kitabu kile alikitunga yeye, asipate taabu ya kutafuta maneno. Aitikise tu hiyo aliyoishika. Haijui kusema hapana.